Mkono Uliomlisha Ambindwile

Kwa Wanyakyusa wa zamani, mkamwana haonani na baba mkwe wake. Hamtazami usoni, hali mbele yake, hamtaji jina, wala hapiti mahali alipokaa. Akimwona anakuja njiani, huacha njia. Kama kuna mgomba, hujificha nyuma ya mgomba. Kama hakuna, hujifunika nguo na kumpa mgongo mpaka apite. Baba mkwe naye ana wajibu wake. Kabla ya kukata kona ya nyumba hukohoa, ili mwanamke apate nafasi ya kuondoka. Hii haikuwa chuki. Ilikuwa heshima, na watu waliishika kama wanavyoshika amri.

Tusekile aliishika tangu siku alipoolewa katika kijiji kimoja cha Suma, akiwa binti mdogo, mpaka nywele zikawa nyeupe. Aliivunja uzeeni. Wako wanaoisimulia habari hiyo kwa kicheko, na wako wanaoisimulia kwa sauti ya chini. Mimi sioni cha kuchekesha ndani yake.

Mumewe aliitwa Gwakisa, mzaliwa wa kwanza wa mzee Ambindwile. Katika miaka yote aliyokaa kwenye boma la mkwe wake, Tusekile hakuwahi kuuona uso wa mzee huyo. Alimjua kwa nyayo kwenye tope, kwa harufu ya tumbaku iliyobaki penye migomba, na kwa kile kikohozi kifupi, mara mbili, kama mtu anayegonga mlango. Akikisikia alitoka upande wa pili wa nyumba na kubana ukutani. Ndivyo walivyoishi pamoja, na ndivyo walivyopendana, kama neno hilo linaweza kutumika hapo.

Kisha Gwakisa akaenda Kopabelti, ng'ambo ya mpaka, kama walivyokwenda wengi, kuchimba shaba. Mzee hakukataa. Alisema sharti moja tu: mke abaki Suma. Mwanamume ambaye mkewe yuko nyumbani, alisema, hurudi. Lakini baada ya muda Gwakisa alimwita mkewe, naye Tusekile alifunga mzigo akaondoka alfajiri bila kumuaga mkwe, kwa sababu hakuruhusiwa kusema naye, na hakukuwa na mtu karibu wa kumpelekea salamu. Mzee alipoamka alikuta moshi hautoki kwenye nyumba ya mwanawe.

Miaka ikapita. Mama yake Gwakisa alifariki, na Gwakisa hakuja kumzika. Suma nzima ilimhukumu. Kumbe alikuwa kitandani kule kambini, kifua kimejaa vumbi la mgodi, akitema damu. Alimkataza mkewe asimwambie mtu. Alisema baba yake akijua ataona aibu kuwa na mwana asiyeweza hata kushika jembe. Akafa huko, akazikwa huko. Tusekile akarudi nyumbani Rungwe na mtoto mmoja wa kike, Winfrida. Wengine aliwazika karibu na baba yao.

Mzee Ambindwile hakumfukuza. Lakini hakusema neno. Na kwa watu wa huku, mzee anayekaa na hasira bila kuisema ni jambo la kuogopwa kuliko mzee anayepiga kelele. Hasira iliyosemwa huisha. Mzee huchukua maji kinywani, huyapuliza chini, hutamka lililomo moyoni, na watu hulala usingizi. Hasira isiyosemwa hutembea yenyewe, huingia nyumbani mwa watoto na wajukuu. Mimi ni Mkristo na sifundishi kwamba kinywa cha mzee kinaweza kufunga tumbo la mwanamke. Lakini Tusekile naye alikuwa Mkristo, tena mwimbaji wa kwaya, na alipoona Winfrida ameolewa Mbeya na kila mimba inaharibika, hakuwa na shaka inatoka wapi. Alilihitaji neno moja kutoka kwa mkwe wake, lisemwe kwa kinywa chake kabla hajafa. Hilo ndilo alilolitafuta. Alituma watu, wakarudi na majibu ya mkato: mzee amesikia. Basi.

Tusekile alikaa Bulyaga, mjini Tukuyu, akiuza ndizi za kuchoma na chai mpaka miguu ilipochoka kusimama sokoni. Hiyo ilikuwa miaka ya soko huria. Madukani sukari ilikuwepo, sabuni za kila rangi, redio za betri kutoka ng'ambo, na makoti ya mitumba yaliyowatosha watu wawili. Vijana nao walikuwa wakiondoka. Kiwanda cha chai kilipunguza watu, ushirika wa kahawa ukalegea, na kila aliyekuwa na nguvu alikwenda Mbeya, Chunya, Dar es Salaam. Tulipewa kila kitu cha kununua, na waliobaki nyumbani hawakuwa na wa kuwachotea maji. Winfrida alikuwa akiishi na mumewe katika chumba kimoja. Alilia, lakini alimpeleka mama yake kwenye Nyumba ya Wazee.

Nyumba hiyo ilikuwa njia ya kwenda Kyimo, juu kidogo ya shamba la chai. Zamani ilikuwa kambi ya wajenzi wa barabara: jengo moja refu la mbao na bati, limegawanywa katikati kwa ukuta wa mbao. Upande mmoja wanawake, upande mwingine wanaume, kila upande na mlango wake, na jiko na ukumbi wa kulia nyuma. Mvua ya Tukuyu ilipiga juu ya bati karibu mwaka mzima, na ukungu uliingia mlangoni kama mtu wa nyumba. Msimamizi alikuwa Venance, mtu wa makamo kutoka upande wa Songea, mchapakazi, asiyejua Kinyakyusa zaidi ya salamu. Wasaidizi wake walikuwa wamepunguzwa, kwa hiyo aliweka utaratibu: mzee mwenye nguvu amlishe asiye na nguvu. Ulikuwa utaratibu mzuri. Wenyewe walisema ulizuia watu kufa kwa kukaa bure.

Jirani wa kitanda wa Tusekile aliitwa Atupakisye, mwanamke mnene, mwenye sauti ya kuita ng'ombe ng'ambo ya mto. Hao wawili walikuwa kama kinu na mchi. Walimenya ndizi pamoja, walisuka mikeka pamoja, waligombania blanketi, na kila asubuhi Atupakisye aliuliza swali lile lile:

"We Tusekile, umekufa?"

"Bado. Na wewe?"

"Mimi nitakufaje na uji haujaiva!"

Siku moja ya mvua, gari dogo la kubeba majani ya chai lilisimama mlangoni. Mjukuu mmoja aliyekuwa anaelekea Chunya kwenye dhahabu alimshusha mzee mrefu, amevaa koti la mitumba lenye maandishi ya Kizungu mgongoni. Macho yake yalikuwa meupe kama maziwa yaliyoganda. Wanawake walikuwa jikoni wakichungulia. Mzee akapapasa kwa fimbo, akafika kwenye kona ya jengo, akasimama. Akakohoa. Mara mbili.

Tusekile aliangusha kisu na ndizi. Kabla mtu hajauliza, alikuwa ameshatoka kwa mlango wa nyuma, amejibana kwenye rundo la kuni, kitenge kichwani, mvua inamnyeshea.

Atupakisye alimfuata. "Una wazimu? Ingia ndani!"

"Ni mkwe," alisema Tusekile. "Ni baba yake Gwakisa."

Jioni ile upande wa wanawake palikuwa na baraza. Walizungumza Kinyakyusa, naandika kwa Kiswahili ili kila mtu asome.

"Lakini hata haoni," alisema mmoja.

"Mimi ninaona," alijibu Tusekile.

"Na angekuona angeona nini?" alisema Atupakisye. "Kibibi chenye meno mawili! Angedhani ni mbuzi amepotea."

Walicheka mpaka Tusekile naye akacheka. Lakini hakubadilika. Aliacha kwenda ukumbini kula. Alikula jikoni. Mzee alipotolewa kuota jua, siku jua lilipopatikana, Atupakisye alipiga mfuniko wa sufuria, na Tusekile akaondoka penye njia. Venance alidhani ni mchezo wa vibibi, akawaacha. Atupakisye ndiye aliyepangiwa kumlisha mzee, na kila aliporudi alileta habari: amekula, amekataa, amesema uji una chumvi, ameuliza kama huku Tukuyu bado kuna watu wanaofuga au wote wamekuwa wachuuzi.

Jambo moja Tusekile hakumwambia rafiki yake. Kitanda cha mzee kiliwekwa upande wa pili wa ule ukuta wa mbao, karibu na kichwa cha kitanda chake mwenyewe. Angeweza kuomba ahamishwe. Hakuomba. Maana mzee alipokohoa, hakikuwa tena kile kikohozi cha heshima. Kilikuwa kikohozi cha kifua kilichochoka, na kilikuwa kikohozi cha Gwakisa. Na mzee alipozungumza peke yake, ile sauti nzito inayoburuta mwisho wa neno ilikuwa ya Gwakisa pia, kama ambavyo ingekuwa kama angeachwa azeeke. Alikuwa amemzika yule mtu kwa mikono yake, kwenye udongo mwekundu wa mbali. Sasa alimsikia akigeuka kitandani, akiomba maji, akitaja majina ya ng'ombe waliokufa kabla ya Uhuru. Alianza kukonda. Wakati mwingine alikutwa ameweka kiganja kwenye ubao, macho ameyafumba. Akiulizwa, alisema anapima baridi.

Masika yalipokolea Atupakisye alishikwa na malaria kali akapelekwa hospitali mjini. Asubuhi ile Venance aliingia jikoni na bakuli.

"Bibi Tusekile, mzee Ambindwile hajala tangu jana. Mpelekee wewe."

"Baba, siwezi. Yule ni mkwe wangu."

"Mkwe wako! Basi ndiyo vizuri, ni ndugu."

"Kwetu hatuonani."

Venance alimtazama, akatazama bakuli. Alikuwa na watu wengine wa kuwaosha na kuni mbichi za kuwasha. "Haoni, Bibi," alisema. "Haoni kabisa. Na wewe ukitaka funga macho. Lakini mtu asife na njaa humu kwa sababu ya mila."

Alikuwa na haki kwa upande wake. Amri ya kumlisha mwenye njaa ni kubwa kuliko mila, na sidhani kama kuna mtu mwenye akili atakayembishia. Tusekile mwenyewe hakubisha. Alijifunika kitenge mpaka kidevuni, akaingia upande wa wanaume kinyumenyume, akaketi kwenye ukingo wa kitanda akiwa amempa mzee mgongo. Akachota uji, akapitisha kijiko nyuma ya bega lake, akipapasa kwa mkono mpaka kikagusa ndevu.

Mzee alikula kijiko kimoja. Akameza. "Atupakisye?" aliuliza.

Hapo ndipo penye habari yote. Mwanamke huyu hakuwa amefanya kosa lolote bado. Angeweza kunyamaza. Angeweza kuweka bakuli akaondoka. Angeweza kusema: siye, ni mkamwana wako, wasaidizi hawapo. Alisema, akimwita baba kwa Kinyakyusa:

"Ee, tata."

"Sauti imekuwa ndogo leo."

"Nina mafua."

"Afadhali," alisema mzee. "Ile nyingine ilikuwa inaniamshia hata waliokufa."

Tusekile akarudi mchana. Akarudi kesho yake. Mwili wake ulikuwa umegeuka, macho yameutazama ukuta, na ile sauti ya Gwakisa ilikuwa sasa haitoki kwenye ubao bali nyuma ya shingo yake, karibu kiasi cha kusikia pumzi. Alisema baadaye kwamba siku zile hakujua kama anamlisha aliye hai au aliyekufa. Alijua tu kwamba asipokwenda atasikia njaa yeye.

Mzee naye alifunguka, kama wazee wanavyofunguka wakipata mtu asiyewakatisha. Siku moja alisimulia habari za mzaliwa wake wa kwanza. Jinsi alivyoruka mto Suma ukiwa umefurika kwa ajili ya ndama. Jinsi alivyokwenda kwa wazungu wa shaba.

"Hakurudi, tata?" aliuliza Tusekile, akiutazama ukuta.

"Alizuiwa." Mzee alisukuma kijiko. "Alikuwa na mke. Nilimwambia abaki, akamfuata. Kamba ya kumvutia mwanangu nyumbani ilikuwa yeye, akaikata. Mama yake alikufa akiita jina lake, yule mwanamke akamshikilia huko ale mshahara."

Tusekile alirudisha kijiko ndani ya bakuli. Yaliyokuwa yamefichwa miaka yote sasa yalikuwa yamesemwa, tena mbele yake. Na angeweza kuyajibu, kwa kuwa Atupakisye si mkamwana. Atupakisye anaruhusiwa kusema. Uongo una tabia hiyo. Hukufungulia mlango ambao ukweli ulikuwa umeufunga, na unapopita unajiona mwenye bahati.

"Nimesikia vingine," alisema. "Nimesikia mwanao alikuwa mgonjwa. Kifua. Alikuwa anatema damu mama yake alipofariki. Alikataza usiambiwe."

Mzee aligeuza uso kufuata sauti.

"Nani amekuambia hayo?"

"Mkamwana wako. Yuko humu humu, upande wa wanawake."

Mzee aliinuka kwa viwiko. "Tusekile? Yuko humu?"

Tusekile hakuwa amewahi kusikia jina lake likitoka katika kinywa hicho. "Yumo, tata."

"Tangu nilipokuja?"

"Tangu kabla hujaja."

"Mbona sijamsikia?"

"Anakukwepa. Ukitolewa nje, anaondoka njiani. Anakula jikoni."

"Mpaka leo? Mimi kipofu, na yeye ananikwepa?"

"Mpaka leo."

Mzee alilala tena. Kisha Tusekile akasikia sauti aliyoijua: alikuwa analia jinsi Gwakisa alivyolia kule kambini, bila kufungua mdomo.

"Watoto wangu mwenyewe wamenileta hapa kama mzigo wa majani," alisema mzee. "Huyo bado ananipisha njia. Mwanamke mwenye heshima ya namna hiyo hakunizuilia mwanangu. Nimemdhania vibaya." Akapangusa uso kwa koti. "Sikiliza, Atupakisye. Mwambie kesho asimame nje, nyuma ya ukuta huu wa nje, palipo na uwazi wa mbao. Na wewe ukae hapa unishikie kikombe cha maji. Nitasema neno langu, litoke. Yeye na binti yake, wawe huru. Nimekuwa nalo kifuani miaka mingi, limeniumiza hata mimi."

Mtafakari mwanamke huyu akitoka mle ndani. Neno alilolitafuta kwa zaidi ya miaka ishirini lilikuwa tayari, na mzee alikuwa anampa kwa sababu anashika kanuni. Naye alikuwa akiketi kitandani kwa mzee huyo huyo.

Tena alitakiwa kuwa mahali pawili: nje ya ukuta kama Tusekile, na ndani kama Atupakisye.

Mchana ule Atupakisye alirudishwa kutoka hospitali, amepungua, sauti haijapungua. Tusekile alimweleza yote wakiwa jikoni. Atupakisye alianza kwa kucheka.

"Umenivaa kama kitenge! Na mafua yangu umeyatoa wapi?" Kisha akaona uso wa mwenzake, akaacha. "Haya. Si jambo gumu. Kesho nitaingia mimi, Atupakisye mwenyewe. Wewe utasimama nje, mkamwana mwenyewe. Kila mtu mahali pake. Nani atajua?"

"Mungu atajua."

"Huyo alijua tangu siku ya kwanza, mbona hajasema? Lakini kama unaogopa, nenda leo ukamwambie mzee. Simama nje umwambie."

"Akikataa je?"

"Basi nyamaza, tulale."

Nataka msomaji aone kwamba nafasi ya kusema ukweli ilitolewa, tena na rafiki. Haikuchukuliwa.

Asubuhi ukungu ulikuwa mzito hata jiko halikuonekana. Tusekile alioga, akafunga kitenge safi alichokuwa akikiwekea siku ya mazishi yake, akasimama nje penye uwazi wa mbao, uso ameuficha, viganja vimekutana. Ndani, Venance alileta kikombe cha maji akakaa kwenye kigoda kuona mambo ya wenyeji, mzee wa kitanda cha pili akimtafsiria kwa sauti ya chini. Atupakisye akaketi kitandani. Aliketi kama alivyozoea, uso kwa uso na mzee, akamshika bega, akamsalimu.

"Ugonile, tata! Maji haya hapa. Na mwenzetu yuko nje."

Alijitahidi kupunguza sauti.

Mzee alipokea kikombe. Hakunywa. Alikaa nacho mkononi akikigeuza.

"Wewe nakujua," alisema. "Wewe ndiye Atupakisye."

"Sasa ningekuwa nani?"

"Umenipumulia usoni. Wewe siku zote ulikuwa unanipumulia usoni. Yule wa siku hizi yuko wapi?"

Atupakisye aligeuka akatazama ukutani.

"Nilijua siye wewe," alisema mzee taratibu. "Mimi ni kipofu, si mjinga. Nilisema moyoni, ni mama mwenye huruma, hataki kutajwa, nisimwaibishe. Lakini sauti yake ilikuwa inakwenda ukutani. Haikuja kwangu hata siku moja. Kijiko kilitokea nyuma ya bega lake." Alikiinua kikombe, akakishusha. "Alikuwa amenipa mgongo. Atupakisye, ni mwanamke gani anayemlisha mwanamume akiwa amempa mgongo?"

Nje ya ukuta Tusekile alisikia kila neno. Kanuni aliyokuwa ameishika nusu ndiyo iliyomtaja.

Mzee alikishika kikombe kifuani, akavuta koti lake la mitumba kwa mkono mwingine, akajifunika kichwa chote. Maneno yaliyofuata yalitoka ndani ya nguo.

"Mwambieni aondoke penye ukuta."

Venance hakuvumilia. "Lakini Mzee, amekulisha! Bila yeye ungekufa na njaa. Kosa lake ni nini?"

"Kunilisha si kosa," ilisema ile sauti. "Angejitaja, ningejifunika uso kama hivi, nikala. Ningemshukuru. Njaa ina ruhusa yake. Lakini aliniuzia jina la mtu mwingine, akakaa akanisikiliza nikimsema, akanijibu, nami nikalia mbele ya mkamwana wangu kama mtoto."

"Basi mpe hilo neno, yaishe," alisema Atupakisye. Alikuwa analia. "Tata, mpe. Ana binti."

"Neno nilimwekea mwanamke anayenikwepa. Huyo hayupo."

Akamnyooshea Venance kikombe. Kilikuwa kimejaa vile vile.

Tangu siku ile hakupokea chakula kwa mkono wa mwanamke. Venance alimlisha mwenyewe alipopata nafasi, na nafasi ilikuwa haba. Tusekile aliomba kitanda chake kihamishwe mpaka mwisho wa chumba, na haikusaidia kitu. Alisema anaisikia sauti hata akiwa mtoni, hata mvua ikinyesha, na kwamba wakati mwingine ni ya mzee na wakati mwingine ni ya mumewe, na zote mbili zinauliza yeye ni nani. Atupakisye alimwambia ajibu basi. Alisema hawezi.

Mzee Ambindwile alifariki kabla masika hayajaisha. Gari lilimchukua kwenda Suma kuzikwa, wanawake wengine wakapanda kwenda kulia, na Tusekile alibaki, maana hakujua tena atakwenda kumlilia kama nani. Ukuta wa mbao ulikaa kimya. Wenzake walisema ukimya huo ulimtisha kuliko kikohozi.

Winfrida alikuja kutoka Mbeya aliposikia msiba, akamkuta mama yake jikoni.

"Babu alisema neno?" aliuliza. Ndilo swali alilokuja nalo.

"Hakusema," alijibu Tusekile. Hakuongeza kitu, wala Atupakisye, aliyekuwa anamenya ndizi pale pale, hakuinua kichwa.

Wako wanaosema alikosea kuingia mle ndani. Sikubaliani nao. Aliyemwona mwenye njaa akaenda hakukosea, hata angekuwa ameingia uso wazi. Kosa lilikuwa kujibu kwa jina lisilo lake, na kuendelea kujibu nalo alipoona lina faida. Kwa hilo mzee aliichukua tena hasira ambayo alikuwa ameshaitua, akafa nayo, na Tusekile akaishi miaka yake iliyobaki bila lile neno, huku binti yake akiamini kwamba halikuwahi kuwepo.